Rambirambi kwa Philemoni

Philemoni alikuwa mhakiki wa filamu kwenye tovuti yetu pale Njiro, na tulimsifu kwa Kiswahili chake kizito. Sasa tunajua alivyokipata. Filamu hakutazama. Alitafuta uhakiki wa mtu mwingine, akabadilisha neno moja baada ya jingine: "mapenzi" yakawa "mahaba", "muuaji" akawa "katili", "hofu" ikawa "woga". Kisha akaweka jina lake na kwenda kunywa chai.

Majuzi alichukua uhakiki wa filamu ya mapenzi na mauaji, kuhusu mjane anayempenda mwanamume aliyemzamisha mumewe ziwani. Aliyeuandika ni Kandida, binti anayesoma chuoni Makumira, kwenye ukurasa wake mwenyewe. Kandida alisema aliitazama filamu hiyo wiki waliyomzika mama yake, na hakuweza kumchukia yule mjane, kwa sababu aliyefiwa hushika mkono wowote anaonyooshewa. Philemoni, vidole vikiwa vimeshazoea, akaandika: juma tulilomsitiri mama yangu mzazi. Akatuma, akachukua likizo, akapanda mlimani kijijini kwao, Nkoaranga, kupogoa kahawa.

Sisi tukasoma. Likizo ya ghafla, mama kafariki, simu haipokei. Nani angeuliza mara mbili? Dada Evelyn, mkuu wetu, akafungua kundi la WhatsApp asilokuwemo mfiwa, kama ilivyo desturi, na Jumamosi tukapanda mlimani na sukari, mchele na nyuso za msibani. Tulishangaa kutoona turubai. Uani alitupokea mama mmoja mwenye kanga mabegani.

"Shikamoo mama," akasema Evelyn. "Tumekuja kumpa pole Philemoni kwa kufiwa na mama yake."

"Marahaba. Mama yupi tena? Mama yake ni mimi."

Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Njia ya mwongo ni fupi, na ya Philemoni iliishia uani kwao. Alitokea migombani na mkasi wa kupogolea, akatuona, akaona mizigo yetu. Evelyn alimwonyesha ule uhakiki kwenye simu. Kazi yake kwetu ilikuwa imekwisha, naye alilijua hilo, lakini aliyemtazama ni mama yake. Machozi yakamtoka, mtu mzima na ndevu zake, akaeleza yote mbele yetu.

Mama hakufoka. Alitukaribisha ndani, akatumiminia chai ya maziwa. Tuliinywa kwa aibu, maana chai ya mtu uliyekuja kumlilia haimezeki. Kisha akamgeukia mwanawe.

"Mimi nipo, sina neno. Huyo binti aliyezika kweli, ulipochukua maneno yake, ulimpa pole?"

"Hapana, mama."

"Basi vaa viatu. Hivi vitu walivyoleta wenzako ni vya kwake. Makumira si mbali."

Philemoni aliinama kufunga kamba za viatu. Alikawia sana kuinuka, na hakuna kati yetu aliyethubutu kumharakisha.