Pikapu ya Mama Breki

Mama Breki, binti wa fundi baiskeli, mjukuu wa msukuma mkokoteni, ndiye mwanamke wa kwanza mtaani kwetu kubeba mizigo ya watu kwa pikapu yake mwenyewe. Maofisa wa manispaa walipomkamata kwa kuegesha vibaya, hakubisha; alilipa faini palepale. Gari wakalichukua hata hivyo.

Akawashtaki mahakamani, na hakimu akawaambia maofisa waziwazi kwamba sheria inawaruhusu kutoza faini tu. Kumnyang'anya mtu gari ni mpaka mahakama iamue. Mama Breki akaenda yadi ya manispaa na amri ya kurudishiwa gari mkononi, kifua mbele, bintiye nyuma yake.

Akatia ufunguo. Kimya. Akafunua boneti: betri haipo.

"Sisi tunalinda magari, mama," mlinzi akasema. "Mambo ya betri hatuyajui."

"Kwani lilikuja hapa likisukumwa, kama mkokoteni wa babu yangu?"

Mama Breki akapanda, akafunga mlango kwa kishindo.

"Mwanangu, mimi humu sitoki. Nikitoka, na magurudumu nayo yatapata miguu. Wewe rudi kwa hakimu. Mwambie wamenirudishia bati, gari bado wanalo wao."