Kisahani Cheupe cha Bibi

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo hadi leo nikiikumbuka naona kama niliiota. Nimesimama baharini, maji yamekupwa yameacha miamba wazi, na mkononi nina konokono mzuri kuliko kitu chochote nilichowahi kushika. Mimi huyu, mtoto wa kijiji cha Mwazye, mbali na bahari, niliyekulia kwenye ukungu na ulezi!

Nianzie nyumbani. Bibi yangu alikuwa na kisahani cheupe, kitako cha ganda la konokono wa baharini, chenye mstari unaozunguka polepole mpaka katikati. Wapagazi walikileta Ufipa kutoka pwani zamani sana. Mtoto akizaliwa kwetu, siku ya kutolewa nje aliwekewa kile kisahani kifuani, ndipo anaitwa jina lake.

Ikaja miaka ya biashara huria, mitumba ikamwagika Sumbawanga. Bibi alikuwa anaumwa, akanipa kisahani nimtunzie. Nami, kichwa maji, nikakibadilisha pale mtaani Kizwite kwa jaketi jekundu. Jaketi lilinikaa vizuri, sikatai. Lakini dada yangu alikuwa na mimba kubwa, na Bibi kila jioni aliniuliza, "Kipo?"

"Kipo, Bibi."

Nikajiambia, bahari si ipo? Nitaleta kingine. Nikamwomba mama mmoja muuza mitumba tufuatane hadi Tanga, alikokuwa akifuata marobota. Njia nzima nilisinzia nikiota vitu vyeupe vinavyozunguka.

Asubuhi ile kwenye miamba nikamwona konokono yule. Mgongoni alikuwa na michoro ya kahawia kama wavu, lakini kitako nilikitambua mara moja, mstari ule ule. Kwetu ganda lilikuwa pambo tu. Kwamba lina mwenyewe ndani, hilo halikuwahi kunipitia akilini. Nikamfunga kwenye pindo la kanga, nikalichomeka kiunoni.

"We binti! Mtoe huyo! Mtoe upesi!"

Alikuwa mwanamke mzee aliyekuwa akisaka pweza. Alikuja akirusha maji, akalichomoa pindo na kulifungua kwa ncha ya fimbo yake. Konokono akaangukia kwenye kidimbwi. Baada ya kitambo, mdomoni mwake ukatoka mrija mwembamba, ukawa unapapasa huku na huku.

"Umeona? Ana sindano ya sumu. Samaki akipita anamdunga, samaki anatulia tuli, naye anammeza. Hata mtu anakufa."

Nikakaa palepale majini. Nikamweleza yote, mpaka jaketi. Alinisikiliza, kisha akasema taratibu, "Mwanangu, cha bibi yako umeshakitoa. Hiki ungempelekea ukamwambia nini?"

Nilirudi Ufipa mikono mitupu, nikapiga magoti kando ya kitanda cha Bibi nikasema kila kitu. Nililia sana.

"Nilijua," Bibi akasema, "tangu ulipoanza kunijibu haraka haraka."

Dada akajifungua salama. Siku ya kumtoa mtoto nje, Bibi aliketishwa uani na blanketi lake. Akaushika mkono wangu, akaulaza juu ya kile kifua kidogo chenye joto. "Kisahani hakipo," akasema. "Basi utakaa hapo wewe." Akamwita mtoto jina lake. Yule mtoto nimemlea kama wangu mpaka leo, na sijachoka.

Kwa hiyo nakuomba, mwanangu: kizuri usichokijua, waulize wenyeji kabla hujakifunga kiunoni. Na ukiharibu, usisafiri mbali kutafuta cha kuficha kosa. Nenda kwa uliyemkosea, useme, hata sauti ikitetemeka.

Sasa sogea hapa. Mungu ailinde mikono yako, na watakaokutegemea waikute ina joto. Tulia kidogo, nikuwekee kiganja kifuani.