Sekela, Malkia Wetu Mbaya

Ipogolo, mtaa wa utoto wangu kando ya barabara kuu, ilinuka breki za malori. Harufu ile ya mpira ulioungua iliingia hadi sebuleni kwa Mama Idrisa, mwuza vitenge aliyekuwa na televisheni pekee mtaani kwetu. Kila Jumamosi alasiri tulivua kandambili mlangoni, tukabanana mkekani kutazama katuni ya msichana shujaa aliyepigana na malkia mbaya, malkia aliyegeuza vijiji kuwa barafu. Ilipokwisha tulikimbilia uwanjani kuiigiza. Mimi, kwa kuwa nilikuwa na sauti kubwa, nilikuwa shujaa. Umalkia tulimtwisha Sekela, mgeni kutoka Mbalizi, Mbeya, ambaye Kiswahili chake chenye lafudhi ya Kinyakyusa kilituchekesha. Jumamosi moja nilimchapa fimbo ya mgongo, kweli kweli. Wenzangu wakapiga makofi. Sekela hakulia, alijikung'uta vumbi, akaenda kwao.

Wiki iliyofuata katuni ilitugeuka. Tulimwona malkia akiwa mtoto, amembeba mdogo wake mgonjwa, akibisha hodi nyumba baada ya nyumba kwenye baridi, na hakuna aliyemfungulia. Kisha shujaa wetu, kwa woga, akamwacha rafiki yake kwenye daraja linalobomoka. Mama Idrisa, aliyekuwa akikunja vitenge, akasema taratibu, "Kumbe naye ana yake moyoni." Wenzangu walikuwa wakimhurumia malkia. Mimi nilikuwa nikimtazama shujaa, na uso ulikuwa ukinichoma.

Uwanjani kila mtu alitaka kuwa malkia. Sekela akasimama katikati yetu.

"Siachii," alisema. "Sasa mnamtaka kwa sababu mmemwona analia. Mimi nimekuwa naye tangu mlipokuwa mnampiga."

Nilivuka uwanja, wote wakinitazama. "Nisamehe, Sekela. Nilikuchapa makusudi."

"Najua," alisema. "Leo utakuwa askari wangu."

Nikawa askari wake, kisha rafiki yake, mpaka baba yake, fundi wa malori, aliporudisha familia Mbeya.

Siku hizi binti yangu hutazama katuni peke yake kwenye simu, amechomeka vidude masikioni. Wabaya wa sasa wana majonzi tele, naye anaweza kunieleza kila mmoja aliumizwa na nani. Juzi nilimuuliza, wakicheza shuleni, nani huwa mbaya.

"Hatuigizi, mama. Tunatazama tu."

Hajawahi kuchapwa mchezoni wala kumchapa mtu, na kwa hilo namshukuru Mungu. Lakini pia hajawahi kuomba radhi mbele ya wenzake, nami sijui nimfundishie wapi.