Magunia Matatu na Koti la Bibi

Nilirudi Same mwezi uliopita baada ya miaka sita ya kuzunguka, na nilipokelewa na kelele. Mtoto wa mdogo wangu alikuwa amekaa kibarazani na wenzake wawili, wote wameinamia simu, vidole vinakimbia kama wanachambua mchele.

"Nimekufa! Nimekufa tena, jamani!"

Kisha akaniona. "Shikamoo shangazi."

"Marahaba. Umekufa na bado unanisalimia?"

Wenzake wakacheka. Nikatua begi langu, nikauliza baba yake yuko wapi. Akasema yuko barabarani na bodaboda, atarudi kula. Nikamuuliza amevaa nini. Akaniangalia kama nimeuliza swali la kichaa, akasema, "Nguo, shangazi." Ilikuwa saa saba kasoro, na jua la Same unalijua, rafiki yangu, linapiga mpaka bati linalia lenyewe. Nilikaa nao ili nisiendelee kutazama barabara.

Mimi shule niliiacha darasa la sita. Nimeuza dagaa Kigoma, nimepika chai Mererani, nimevusha mitumba Tunduma, na kote nilikopita tabia moja haikunitoka: nikiona kitu, lazima nijue kinafanyaje kazi. Basi nikamwambia yule kijana anieleze hilo gemu lake. Akaeleza vizuri, kwa uvumilivu ambao baba yake hana. Unapigana kwa intaneti na watu usiowajua, mmoja yuko Dar, mwingine yuko nchi ambayo hata lugha yake huielewi. Kila mmoja ana damu yake. Ukipigwa, damu inapungua, ikiisha umekufa. Ila unaweza kununua kinga, yaani vazi la vita, nalo linapunguza ukali wa pigo.

"Tuseme pigo la adui linakula damu mia," akasema. "Ukiwa na kinga mia, linakula hamsini. Ukiongeza kinga mia nyingine, linakula kama thelathini na tatu. Ya tatu, ishirini na tano. Ya nne, ishirini. Umeona? Ya kwanza imekuokolea hamsini, ya nne imekuokolea tano tu. Ya nne ni ya washamba."

"Hapana," nikasema. "Usihesabu damu, hesabu mapigo. Tuseme una damu elfu moja. Bila kinga unakufa kwa mapigo mangapi?"

"Kumi."

"Na kinga ya kwanza?"

"Ishirini."

"Ya pili?"

Akahesabu, midomo ikicheza. "Thelathini. Ya tatu arobaini. Ya nne..." Akaweka simu magotini. "Hamsini. Kila moja inaongeza kumi! Shangazi, wewe ulicheza wapi hii?"

"Ndungu. Kwenye majaruba."

Wakacheka sana. Mmoja akasema Ndungu ya zamani hata umeme haukuwepo. Mtoto wa mdogo wangu naye, akitaka kurudisha heshima yake, akasema, "Lakini shangazi, kuna kitu hukijui. Kuna pigo linaitwa pigo la kweli. Hilo halijali kinga. Uvae moja, uvae kumi, linapita kama hujavaa kitu. Linakula damu moja kwa moja."

Nikasema hilo pia nalijua. Nadhani sauti yangu ilibadilika, kwa sababu hakucheka tena.

Baba yetu alikuja tambarare ya Ndungu kutoka mbali, kama wengi wa kambi ya vibarua, kukata mkonge. Mama yetu alikuwa mwenyeji, binti wa milimani juu kule Upareni Kusini, ambako asubuhi ukungu unaingia mpaka jikoni. Kwa hiyo mimi na mdogo wangu tulikuwa na pande mbili: huku chini joto, vumbi na harufu ya mkonge uliooza, kule juu bibi, moto, makande na baridi ya kukutoa kamasi. Ilikuwa miaka ile ya shida. Duka la ushirika lilikuwa na rafu, na kwenye rafu kulikuwa na muuzaji ameegemea. Sabuni ikija, habari inafika kabla ya gari. Mimi nilikuwa na gauni moja la shule na moja la nyumbani, na la nyumbani lilikuwa la shule la mwaka uliopita.

Baada ya mavuno majaruba hubaki makavu, yamejaa mabua na harufu ya majani ya mpunga yanayookwa na jua. Hapo ndipo tulipopigana vita vyetu. Silaha ilikuwa fimbo mbichi inayopinda, na risasi ilikuwa ndulele, yale matunda ya njano yanayoota ovyo kando ya njia. Unaichomeka kwenye ncha, unapeleka mkono nyuma, unarusha. Inavuma. Ikikukuta mgongoni mtupu inapasuka paa! na unaacha kupumua kidogo.

Upande mmoja tulikuwa sisi wa kambini. Upande wa pili walikuwa watoto wa wenyeji, wakiongozwa na mtoto wa mwinjilisti, mrefu, mwenye kupenda haki kuliko ushindi, jambo lililotukera sana. Tuligombania bwawa dogo chini ya lango la mfereji, pale maji yanapoteremka kutoka mlimani yakiwa bado ya baridi. Upande unaoshinda ndio unaooga pale mpaka masika. Upande unaoshindwa unaoga chini, baada ya ng'ombe.

Kila mtu alikuwa na roho kumi. Pigo moja kwenye ngozi, roho moja imekwenda. Ugomvi ulianza tulipovaa magunia.

"Nimekupiga!"

"Hujanipiga, umelipiga gunia!"

"Basi gunia limekufa, livue!"

Walitukejeli. "Watoto wa kambini wanavaa magunia kwa sababu nguo hawana!" Nasi tukawajibu, "Nyie mna nguo, lakini mbona mnalia?" Mwisho mtoto wa mwinjilisti akaleta sheria. Gunia moja, mapigo mawili ndiyo yanatoa roho moja. Magunia mawili, mapigo matatu. Matatu, manne. Ndiyo hesabu ile ile ya simu ya huyu kijana, wala hatukuitoa hewani. Mimi ndiye niliyesimama nimevaa gunia moja, halafu mawili, halafu matatu, nikipigwa na kusema kwa ukweli inauma kiasi gani. Mgongo ulivimba siku tatu. Mama akauliza, nikasema upupu.

Kwa sababu hiyo nikawa fundi wa mavazi ya vita upande wetu. Nilijua gunia la katani linameza pigo na salfeti ya plastiki inalitelezesha, na kwamba ukivaa la katani ndani na salfeti nje hakuna kama wewe. Nilikata matundu ya kichwa na mikono, nikafunga ubavuni kwa kamba za mkonge, fundo juu ya fundo, ili pasibaki upenyo. Nilijivunia mafundo yangu.

Kisha mitumba ikaanza kuingia. Siku ya gulio watu walizunguka marobota kama wanaangalia maiti ya mtu mashuhuri. Mama alitoa debe la mpunga, akarudi na koti. Sijawahi kuona nguo kama ile: kahawia, nzito, ndani limejazwa kitu laini, kofia ina manyoya, zipu ya shaba mpaka kidevuni. Lilikuwa la bibi. "Baridi ya mlimani haitamgusa tena," mama akasema, akalitundika nyuma ya mlango mpaka siku ya kulipandisha mlimani. Kila nilipopita nililibonyeza. Kidole kilizama na kurudi. Usiniulize kama sikujua ninachofanya. Nilijua.

Mama alipokwenda shamba nikalishusha.

Mtoto wa mwinjilisti alilikagua, akalikunja, akalipiga ngumi. Akasema koti hili ni sawa na magunia matatu. Mimi nikaongeza magunia matatu juu yake. Jumla sita. Mapigo saba kwa roho moja, mapigo sabini kwa roho kumi. Fimbo zote za Ndungu zisingemuua atakayevaa. Nilimchagua mdogo wangu. Alikuwa na miaka saba, na koti lilimfika kwenye vifundo vya miguu, hakuna pa kumpiga. Akafurahi kuliko Krismasi. Nikapandisha zipu, nikavuta kofia, nikafunga kamba.

Alisimama juu ya tuta katikati ya jaruba kuu, jua la utosi, na ndulele zikamnyeshea. Tulihesabu kwa sauti, pande zote mbili. Ishirini na moja. Ishirini na mbili. Yeye anacheka, anageuka kuwapa mgongo, anawatingishia matako. Wenzetu huku wanawapiga wale waliokuwa wakihangaika naye. Tulikuwa tunashinda. Bwawa nililiona kabisa, la kwetu.

Akanigeukia. "Dada, nasikia joto."

Nikamwambia, "Vumilia. Bado una roho saba."

Hayo maneno, rafiki yangu, nimelala nayo Kigoma, nimelala nayo Tunduma.

Thelathini na tatu. Thelathini na nne. Akaacha kucheka. Nikaona ametulia, nikadhani amekuwa shujaa. Akaanza kutembea kuelekea upande ambao hakukuwa na mtu, akiongea, "Mama, nipe na mimi," na mama hakuwepo. Kisha akakaa. Kisha akalala kwa upande, polepole, kama gunia linalokosa egemeo.

Na mimi nikapiga kelele, "Inuka! Hujafa! Bado una roho sita!"

Wa upande wa pili wakazomea, "Anadanganya huyo! Msimsogelee, ni mtego!" Mtoto wa mwinjilisti ndiye aliyetupa fimbo. Alikwenda, akaingiza mkono chini ya kofia, akautoa haraka.

"Anaungua! Hana hata jasho! Mkavu kama sahani!"

Nikakimbia. Mafundo yangu hayakufunguka. Kamba ya mkonge ukiivuta inazidi kubana. Nikauma kwa meno, mdomo ukatoka damu, nikawa nalia na kuuma. Jirani yetu alikuwa anakata majani ya ng'ombe kwenye mfereji. Alikuja mbio na mundu. Akakata magunia, akaingiza mundu shingoni na kulichana koti la bibi kutoka juu mpaka chini, ule ujazo mweupe ukaruka hewani.

Wakambeba. Maadui ndio waliombeba, wanne, wakakimbia naye bwawani, lile lile, wakamtumbukiza mpaka kidevuni na kummwagia maji ya mlimani kichwani. Mtoto wa mwinjilisti alimshika shingo muda wote. Mimi nilisimama ukingoni na kipande cha kamba mdomoni. Sikuomba Mungu. Nilikuwa nahesabu, sijui nilichokuwa nahesabu.

Alipotapika, jirani akasema, "Haya. Amerudi." Alipoanza kulia, na mimi nikaanza upya.

Alilala zahanati siku mbili. Mama hakunipiga. Alinipa sindano na uzi, akaniambia nilishone koti. Nilishona wiki nzima, likabaki na mshono mbele kama kovu la upasuaji. Tulipopanda nalo mlimani bibi alilivaa, akapitisha kidole kwenye mshono juu mpaka chini. Kisha akanivuta karibu na moto, akachukua mkono wangu na kuuweka kwenye shingo ya mdogo wangu aliyekuwa anakula makande. "Hapa ndipo mtu anaposema," akaniambia. "Ukitaka kujua ana hali gani, uliza hapa."

Bibi tulimzika na koti lile. Kambi ya mkonge siku hizi ni misingi tu na miti iliyojiotea. Bwawa limejengewa saruji, lango la chuma, na mtoto akioga anafukuzwa. Ndulele zipo, zinaiva na kudondoka zenyewe. Yule mtoto wa mwinjilisti sijui aliko. Nimemuuliza kila kituo nilichofika. Na watoto wanapigana na adui wasiyeweza kumshika shingo.

Nilikuwa nimefika hapo nikimsimulia huyu kijana, yeye na wenzake simu zimezimika mikononi, tuliposikia pikipiki. Mdogo wangu aliingia uani. Alikuwa amevaa koti, unajua wanavyovaa waendesha bodaboda, koti zito la mitumba la baridi ya watu wengine, limegeuzwa mbele nyuma kukinga upepo, na kofia ngumu kichwani. Saa nane mchana.

Nilisimama kabla sijajua nimesimama. Akaniona, akazima injini, wala hakusema shikamoo. Alivua kofia ngumu, akainamisha kichwa mbele yangu, kama alivyofanya kila niliporudi tangu utotoni, akasubiri.

"Haya, dada," akasema. "Hesabu. Nimebaki na roho ngapi?"

Mtoto wake alitazama baba yake, kisha akatazama mkono wangu. Nikauingiza chini ya kola, nyuma ya shingo.

Ilikuwa imelowa. Jasho lilitiririka mpaka kwenye kiganja changu, la moto, la chumvi, jingi. Nikaacha mkono pale muda mrefu kuliko ilivyohitajika, na kwa mkono wa pili nikaanza kutafuta zipu.