Mlango Uliouzwa na Wito Wake

Mtaani walimwita Kwa Nini, na jina lilimkaa. Alikuwa fundi seremala, mtengeneza milango, na tangu utotoni hakuwahi kukubali jambo bila kuligeuza juu chini. Ukimwambia chai imepoa, atataka kujua imepoa tangu saa ngapi. Mkewe alishazoea.

Basi asubuhi moja dalali wa mahakama alifika karakanani na karatasi mkononi, akaanza kuipima kwa macho mashine ya kuranda. Mashine hiyo ndiyo iliyowalisha fundi, mkewe na watoto wanne.

"Kwa nini?" akauliza.

"Ada ya uwanja, fundi. Chama cha wenye karakana kilikushtaki kwa deni la miezi kumi na minne. Hukumu imeshatoka. Nakupa wiki mbili, kisha nakuja na gari."

"Nilishtakiwa lini?"

"Hayo kaulize mahakamani, ndugu yangu. Mimi wangu ni ubebaji tu."

Ada alijua hajalipa. Lakini alikuwa amekitengenezea chama mabenchi kumi ya ofisi, na mwenyekiti wa wakati ule alimwambia bei yake itakatwa humo humo kwenye ada. Mwenyekiti akahama, na neno lake likahama naye. Kudaiwa hakukumuuma sana. Kilichomkereketa ni kwamba watu walikaa, wakamjadili, wakamaliza, na yeye hana habari.

Mahakamani, karani, mama mwenye miwani iliyofungwa uzi, alimfungulia jalada. Ndani mlikuwa na kiapo cha mpeleka wito: alimkosa fundi mara tatu, kwa hiyo, kwa idhini ya mahakama, akabandika wito kwenye mlango wa mbele wa karakana.

Fundi akasoma mara mbili, akacheka peke yake.

"Mama, nimetengenezea milango nusu ya mtaa, lakini karakana yangu haina mlango. Ni nguzo nne na bati."

"Sasa huyu alibandika wapi?"

"Ndicho ninachotaka kujua na mimi."

Jibu alilipata nyumbani, kwa mkewe, aliyekuwa akikunja nguo wala hakuinua kichwa. "Si ile milango unayoiegemeza mbele, inayosubiri wenyewe? Mgeni atajuaje kuwa ni ya kuuza?"

Fundi akakimbilia daftari la oda. Tarehe ile ya kiapo ulitoka mlango mmoja tu, wa mkunga wa mtaa wa pili. Siku hiyo yeye alikuwa amefuata mbao, na mwenye mkokoteni alijichukulia mzigo akaenda zake.

Kwa mkunga aliingia hata salamu hajamaliza. Mlango ulikuwa umefungwa kwenye stoo, umepakwa rangi ya kijani safi. Katikati, mraba mweupe: karatasi, muhuri, na jina lake.

"Dada, hii umekaa nayo miezi mitatu?"

"Nilidhani ni ya watu wa misitu, ya kuonyesha mbao ni halali. Ina muhuri wa serikali, kaka! Nani angeibandua? Hata rangi nimepaka kwa kuizunguka."

Fundi alimwomba bisibisi, akafungua bawaba, akaupandisha mlango kwenye mkokoteni mpaka mahakamani. Hakimu alitoka mwenyewe barazani kuutazama. Mpeleka wito aliitwa, akaukodolea macho, akajikuna shingo.

"Ndio wenyewe, mheshimiwa. Ulikuwa umesimama mbele. Niliona mlango, nikabandika."

Watu walicheka, hakimu akajizuia. Alipokaa kitini alisema hukumu iliyotolewa bila mdaiwa kuwa na habari imetenguliwa, mashine isiguswe, kesi ianze upya. "Na wito apewe sasa hivi," akaongeza, "mkononi."

Huenda hakuna mtu aliyewahi kupokea wito wa kushtakiwa kwa furaha ile. Fundi aliupokea kwa mikono miwili, akaweka sahihi, akaukunja vizuri akautia mfuko wa shati.

Siku ya kesi, katibu wa chama alisimama akasema yake. Kisha hakimu akamgeukia mdaiwa.

"Fundi, una la kusema?"

Alikuwa nalo, amelipanga njia nzima. Akaeleza habari za mabenchi, kumi, ya mti mgumu, na katibu mwenyewe akakiri kuwa hata asubuhi ile alikuwa amekalia mojawapo. Baada ya kukata hesabu, miezi minne ilibaki ya kulipa.

Alilipa siku ile ile, akarudi nyumbani na risiti. Mkewe akaigeuza, akamtazama.

"Yaani umetoa pesa yote hii, na hujauliza kwa nini?"

"Leo," fundi akasema, "mahakamani nimeulizwa mimi."