Wafuasi Wasioitikia Salamu

Naona aibu hata kuwasimulia, ila Lushoto nzima imeshanicheka, basi chekeni na ninyi. Kikundi chetu cha akina mama kilikuwa na mapeasi yameiva, wachuuzi wametukimbia, na shangazi yangu, mwenyekiti, akanituma nitafute wateja mtandaoni. Wiki mbili nzima ukurasa una wafuasi arobaini na watatu (nusu yao ndugu zangu), mapeasi yanalainika, mimi silali, silali kabisa, kila dakika nachungulia simu, mwisho nikaona isiwe tabu, nikanunua wafuasi elfu ishirini. Nikaamka maarufu!

Ningenyamaza yangeisha, lakini mdomo wangu mnaujua. Shangazi kusikia tu akasema, "Watu wote hao? Basi niwasalimie mwenyewe," na mimi, badala ya kuugua ghafla, nikawasha laivu palepale sokoni, akina mama wamejipanga nyuma ya matenga.

Shangazi akaisogelea simu, akawaamkia kwa Kisambaa: "Onga maundo!" Akasubiri kuitikiwa.

Kimya.

"Endelea tu, shangazi, taja bei," nikamnong'oneza.

Akanikata jicho. "Nianze kuuza na mtu hajaniitikia?"

Akarudia, sasa kwa Kiswahili (labda ni wageni), na mimi jasho linanitoka na baridi yote ile, mara likaja jibu moja la herufi nisizozijua hata moja, basi. Shangazi akawageukia wenzake: "Elfu ishirini, hata mmoja hakufunzwa adabu kwao?"

Nikasingizia mtandao. Hapohapo likatokea itikio lenyewe la Kisambaa: "Niwedi. Shikamoo mama, mapeasi bado yapo?" Alikuwa dada mmoja wa Bumbuli, katika wale arobaini na watatu. Nikamsomea shangazi.

"Marahaba, mwanangu! Huyu ana wazazi." Kisha akanigeukia. "Na wale wengine ni akina nani?"

Nikakiri mbele ya soko zima kwamba nimewanunua.

"Tumekutuma uuze mapeasi," akasema polepole, "wewe ukaenda kununua watu?"

Soko lilicheka mpaka wauza kabichi wakaacha mizani. Matenga mawili yalikwenda Bumbuli, mengine yakaozea mikononi mwetu, na hilo ndilo linaloniuma mpaka leo.

Sinunui tena mtu. Sasa kila asubuhi nawasalimia wale arobaini na watatu mmoja mmoja, na siandiki bei mpaka waitikie. Leo wameitika arobaini na wawili. Huyo mmoja, jamani, ana nini?