Yule Niliyemleta Kutoka Kitale

Haya ninayoandika yalinipata mimi mwenyewe. Pale ambapo sikuona kwa macho yangu nitasema sikuona. Sikusoma sana, niliishia darasa la nane, na kazi yangu ni kushona sare za shule hapa Bungoma, kwa hivyo msitafute maneno makubwa. Tena mimi ni mtu wa kujishuku. Nikifunga mlango hurudi kuangalia kama kweli nimefunga. Basi mjue jambo hili nimelizungusha kichwani sana nikitafuta mahali macho yalinidanganya, na bado liko vile lilivyo.

Ndugu yangu Simiyu alikuwa akikamua ng'ombe kwa watu huko Endebess. Jioni moja ya mvua, akiwa njiani kuja nyumbani, aligongwa na gari mjini Kitale. Gari halikusimama. Mtu mwema tusiyemjua alimbeba mpaka hospitali, akamwacha mikononi mwa manesi, akaenda zake. Simiyu akafa bila kusema neno. Sisi tulimkuta mochari, gambuti moja, yaani kiatu kirefu cha mpira, mguuni, nyingine haipo. Tukamleta, tukamzika vizuri, watu wakaimba.

Lakini hatukwenda kumwita.

Kwetu, mtu akifa barabarani, ukileta mwili hujamleta yeye wote. Wazee huenda mpaka pale alipoangukia, wakiwa na tawi bichi. Wanamwita kwa jina lake, na la baba yake, na la ukoo wake. Wanamwambia, "Usibaki hapa, twende nyumbani." Halafu wanageuka na kutembea bila kuangalia nyuma. Mchungaji wetu alisema hayo ni mambo ya giza. Sitamsema vibaya, ni mtu mzuri, alikaa na sisi matanga yote. Na hata angekubali, tungeenda wapi? Hakuna aliyejua Simiyu aliangukia wapi. Kitale si ua wa mtu useme utaufagia wote.

Mvua ilipokuja mara ya kwanza baada ya mazishi, mama aliinua mkono tunyamaze.

"Huyo Simiyu," akasema. "Sikieni. Anauliza njia."

Sisi tulisikia maji kwenye mabati tu. Tangu hapo, kila ikinyesha jioni, mama alitoka akasimama kwenye matope bila hata shuka, akimjibu mtu. Akaacha ugali. Baadaye akaacha uji. Alikonda mpaka pete ya ndoa ikatoka kidoleni yenyewe na kuanguka kwenye karai akiosha vyombo. Hospitali walimpima, wakasema hawaoni ugonjwa. Khocha, yaani mjomba wangu, ndugu ya mama, alikuja akamtazama, kisha akanivuta nyuma ya ghala la mahindi.

"Dada yangu anaenda," aliniambia. "Mtoto amesimama barabarani na yeye anamfuata."

"Sasa tufanye nini, khocha?"

"Tafuteni hapo mahali."

"Nitapatafuta wapi?"

"Mimi ningejua si ningekuwa nimeshaenda? Unaniuliza kama nimeficha!"

Hapo ndipo alipokuja Nekesa, msichana wa jirani anayesoma chuo huko Kitale. Alikuja Jumamosi na simu mkononi, anazungukazunguka mlangoni kama mtu amevunja sahani.

"Auntie, usikasirike. Kuna vijana wametengeneza kitu Kitale. Unaweka kwa simu, unavaa masikioni, unatembea mjini peke yako, na sauti inakuonyesha mahali watu wanasema kuna mizimu. Inakupa na historia ya hapo. Watu wanaenda kama sherehe tu. Lakini skiza hii ya mwisho."

Ilikuwa sauti ya msichana mchangamfu. Ilisema: "Sasa tumefika kwa kalvati, kwa hii barabara ya kushuka Kipsongo. Hapa jioni ya mvua husimama jamaa wetu wa gambuti moja. Msimwogope, bana! Yeye anauliza tu: hii njia inaenda Bungoma?" Halafu akacheka.

Niliketi juu ya sketi za watu nilizokuwa nimezipanga. Nilipoinua macho mama alikuwa mlangoni. Alikuwa amesikia yote.

"Nenda," akasema. "Nenda uniletee mtoto."

Khocha ana mguu mbaya, hangeweza ile safari. Kumwita mtu si kazi ya mwanamke, na alisema hivyo wazi, halafu akauliza, "Lakini sasa ni nani?" Akanifundisha. Nisizungumze na mtu njiani kurudi. Nisiangalie nyuma. "Na umwite kwanza. Usifanye kitu kingine. Mwite kwanza." Aliyarudia mpaka nikaudhika.

Nekesa alikuwa na mtihani siku niliyoenda. Alinipeleka mpaka stesheni ya zamani ya reli, akanivika vile vya masikioni, vya rangi ya waridi, akaniwashia simu, akakimbia. Mimi sikujua jinsi ya kuirusha ile sauti mpaka mwisho. Nilibonyeza hapa na pale, ikarudi mwanzo. Mama yangu anakauka nyumbani, na mimi imenibidi kutembea Kitale nzima kama mtalii!

Pale stesheni nyasi zimemea katikati ya reli. Sauti ilisema kuna msimamizi wa kizungu wa zamani ambaye hupigia filimbi treni isiyokuja. Kweli nilisikia filimbi. Lakini ilikuwa ya kijana wa boda boda akimwita mwenzake, nilimwona. Nikaenda mpaka kwa mawe yaliyopangwa duara, mahali wanaposema watumwa walifungwa wakipitishwa kwenda mbali. Hapo hata yule msichana wa simu aliacha mzaha. Nami nilisimama kidogo, ingawa nilikuwa na haraka.

Nyuma yangu kulikuwa na vijana, wavulana wawili na msichana, wakifuata sauti hiyo hiyo.

"Mathee! Hata wewe umekuja kutafuta maghost?"

"Cheki earphones za pinki, bana. Mathee ni wa jana huyu!"

"Si akiona shetani atamwombea tu."

Nilicheka, sitaki kusema uongo. Walikuwa wachekeshaji. Nikawaambia, "Nimekuja kuchukua ndugu yangu."

"Ako wapi?" yule msichana akauliza.

"Ni huyo wa mwisho."

Kicheko kilibaki kwa mvulana mmoja tu, na hata kwake kilibaki mdomoni peke yake. Msichana akasema, "Pole, auntie." Walipofika kwa duka la chipsi waliingia, na sikuwaona tena.

Mvua ilianza nikiwa naikaribia kalvati, lile daraja dogo la mtaro. Giza lilikuwa halijaingia, ilikuwa ile saa ya ng'ombe kurudi zizini. Nilivunja tawi kwenye ua wa mtu. Sauti ya simu ilisema maneno yake, ikacheka, ikaisha. Nikatoa vile vya masikioni. Nilikuwa na jina la Simiyu kwenye ulimi, na la baba, na la ukoo. Nilifungua mdomo.

"Dada, hii njia inaenda Bungoma?"

Alikuwa ng'ambo ya barabara. Alikuwa amejifunika gunia lililokunjwa kona moja likawa kofia, vile vibarua hufanya mvua ikiwakuta shambani, na maji yalikuwa yakichuruzika mbele ya uso. Mguu mmoja una gambuti. Mwingine uko wazi, umekunjamana kwa maji. Uso sikuuona. Naapa sikuuona. Khocha ameniuliza, na wengine wameniuliza, kama sauti ilikuwa ya Simiyu. Nitasema kweli. Ilikuwa sauti ya mtu aliyenyeshewa.

Sasa niambieni ninyi. Umemzika ndugu yako, umetupa udongo kwa mkono wako, halafu huyo hapo mbele yako anakuita dada. Wewe ungeanza kusoma majina ya ukoo? Nani huita jina la mtu ambaye tayari anaongea naye?

Nikasema, "Inaenda. Twende nyumbani."

Nikageuka, nikatembea. Nyuma yangu nilisikia hatua moja ya gambuti yenye maji ndani, halafu kimya mahali pa hatua ya pili, halafu gambuti tena. Hivyo hivyo mpaka steji. Niaminini, ile nafasi ya kimya ndiyo iliyonitisha kuliko ule mlio.

Kwenye gari nilionyesha makanga vidole viwili.

"Mwingine ako wapi, mathee?"

Nikagusa kiti cha kando yangu.

"Hapo? Hakuna mtu hapo!" Akaniangalia, akaangalia tawi, akaacha. Nadhani na yeye ana kwao.

Tulipofika Webuye, mama mmoja mwenye kikapu aliingia, akaona kiti kitupu, akakaa. Aliruka mara moja. "Woi! Si mngeniambia kiti kimelowa!" Nasema na hili: dirisha la upande ule lilikuwa halifungi vizuri.

Nyumbani sikuwahi kupiga hodi. Mama alikuwa amesimama mlangoni. Hakuniangalia mimi. Aliangalia nyuma ya bega langu, akafungua mikono.

"Ingia, papa," akasema, vile mama zetu huita watoto wao wa kiume. "Ingia, umenyeshewa."

Usiku huo mama alikula ugali. Khocha alilia mbele yetu bila aibu. Mimi nilimshukuru Mungu, ndiyo, Mungu, mchungaji akisoma hapa asinihukumu.

Mama aliweka kiti karibu na moto, hakuna aliyeruhusiwa kukikalia. Asubuhi palikuwa na maji chini yake. Paa letu huvuja, lakini upande wa pili. Mama alinenepa, akarudi kanisani, akaanza tena kunigombeza juu ya chumvi. Nilishona tena nikiimba. Nilifikiri yameisha.

Jioni moja aliniita niketi.

"Mayi, binti yangu, nikuulize kitu. Huyu Simiyu, mbona ananiuliza mama yake atakuja saa ngapi?"

Niliweka sindano chini.

"Nimemwambia, mama si ni mimi. Baadaye anauliza tena, kwa heshima kabisa, vile mtoto wa watu huuliza. Na jana ng'ombe wa jirani amelia kwa kuchelewa kukamuliwa. Simiyu angekaa?"

Nilikimbia kwa khocha. Kitu cha kwanza alichouliza ni, "Ulimwita kwanza?" Nikamweleza vile ilivyokuwa. Alishika kichwa.

"Basi wewe hukumwita Simiyu. Ulimjibu mtu aliyeuliza njia."

"Lakini gambuti, khocha?"

"Hujaona mtu akigongwa? Viatu huruka. Barabara ile imeua Simiyu peke yake?"

Mimi sijui huyu ni nani. Huenda ni kijana wa upande wetu huu aliyekuwa akirudi kwao kama Simiyu alivyokuwa akirudi. Huenda khocha amekosea, na ni Simiyu kweli, ila kifo kimemchanganya. Nimejaribu kuamini hivyo, sikuweza.

Nilirudi kalvati ile mvua ikinyesha. Safari hii niliita. Simiyu, na baba, na ukoo wote, mpaka koo likakauka na watu wa Kipsongo wakatoka kunitazama. Hakuna aliyeniuliza njia. Kama aliwahi kuwa pale, sijui. Labda aliangukia kona nyingine kabisa ya mji, ambayo hakuna kijana ameirekodi, na hakuna atakayenionyesha.

Na mama sasa anasikia wawili. Mmoja ndani anauliza mama yake, mwingine nje anauliza njia. Chakula anakipakua anakiweka mbele ya kile kiti, mwenyewe hali, halafu anatoka kwenye matope. Pete ameivua, anaifunga kwenye kona ya leso isipotee. Khocha alisema alete wazee wamtoe huyu wa ndani, pengine Simiyu atapata nafasi. Mama alisimama mbele ya kiti.

"Mnamtoa aende wapi na mvua hii? Na huyu si amezaliwa na mtu?"

Kwa hivyo ninakuomba wewe unayesoma. Ukitaka kwenda kutembea matembezi yale, nenda, vijana wamefanya kazi nzuri na wakati wa kuyatengeneza hawakujua. Lakini mtu akikuuliza njia pale, usimwambie twende. Muulize kwanza ni mtoto wa nani. Akikuambia ni Simiyu, mwombe asiondoke hapo, nakuja.

Na kama ni wewe uliyempoteza kijana huko Kitale, mkazika mwili mkasema yametosha, tafadhali njoo Bungoma. Usiogope, hatutakulaumu. Njoo tu useme jina lake mlangoni. Amekaa karibu na moto, anauliza utafika saa ngapi, na mama yangu ameishiwa na la kumjibu.